Mwenzio Anamtaka Yule, Wewe Huyu: Jinsi ya Kuajiri Meneja Mkuu Bila Washirika Kugawana Mbao

Kila ninapoitwa kusuluhisha washirika wa biashara hapa Kigoma, iwe Mwanga, Ujiji au Kibirizi, nakuta bahasha mbili mezani. Ndani ya kila moja kuna wasifu wa mtu mmoja. Kila mshirika amekuja na mtu wake, na kila mmoja anaamini nimeitwa kumwambia mwenzake kwamba amekosea.

Hapo ndipo wengi wanaponasa. Mkianza na jina, hamtoki. Ugomvi wa jina la meneja mkuu mara nyingi umefunika ugomvi mwingine ambao hakuna anayetaka kuutaja: nani ataachia madaraka gani. Kwa hiyo jina tunaliweka mwisho kabisa, na kila hatua iliyo hapa chini imepangwa kwa sababu hiyo.

Kwa mfano nitatumia kampuni ya kukausha na kufungasha dagaa yenye washirika wawili, hisa nusu kwa nusu. Mmoja namwita wa Mwaloni: alfajiri yuko Kibirizi kwenye mwalo, yaani ufukwe wa kushushia samaki, anawajua wenye mitumbwi wote, anawakopesha mafuta na nyavu, anajua nani hulipa na nani hukimbilia ng'ambo. Mwingine namwita wa Masoko: anashughulika na wateja wa Dar es Salaam, vifungashio, alama ya ubora ya TBS (Shirika la Viwango) na benki. Kampuni yenyewe ni ya mfano tu, ila maneno yao nimeyasikia kwa masikio yangu.

## Vitu vya kuwa navyo mezani

- Katiba ya kampuni mliyosajili BRELA, wakala wa usajili wa biashara. Wengi hawajaifungua tangu siku ya usajili, na wengine walinakili ya jirani.
- Taarifa za benki na za miamala ya simu za miezi 12 iliyopita.
- Daftari la madeni, yaani mnaowadai na wanaowadai.
- Orodha ya wafanyakazi na mishahara yao halisi, pamoja na wale wanaolipwa "kienyeji".
- Karatasi mbili tupu na kalamu mbili.
- Mtu wa tatu. Asiwe mke au mume wa yeyote kati yenu, asiwe anayewadai, wala asiwe na ndugu anayetafuta kazi hiyo. Mfanyabiashara mzoefu wa fani nyingine anafaa kuliko rafiki wa karibu.

Tengeni wiki sita. Mkizidisha, kazi zinalala. Mkipunguza, mtaruka hatua ya pili, na hiyo ndiyo yenye kazi kubwa.

## Hatua ya 1: Simamisheni ahadi zote

Leo hii, kila mmoja amwambie mwenzake ukweli: nani ameshaongea na nani, na amemwahidi nini. Nimeona kampuni ambako mshirika mmoja alishamwambia kijana "hama Dodoma, njoo, kazi ipo," na kijana akavunja mkataba wake wa nyumba. Baada ya hapo mshirika alikuwa hatetei tena uamuzi mzuri, alikuwa anatetea uso wake.

Kama mmeshaahidi, pigeni simu mkiwa pamoja, spika ikiwa wazi, na semeni hivi: "Ndugu yangu, nafasi bado hatujaipitisha. Tutakutafuta, na wewe utaomba kama wengine." Inauma, lakini mwezi ujao itauma zaidi.

Mtajua hatua hii imekamilika pale ambapo hakuna mtu nje ya chumba anayesubiri jibu kutoka kwa mmoja wenu peke yake.

## Hatua ya 2: Kila mmoja aandike peke yake

Chukueni zile karatasi mbili. Kaeni vyumba tofauti, au hata majengo tofauti. Kila mmoja ajibu maswali matatu, nusu ukurasa tu:

1. Ni kazi zipi ninazofanya sasa ambazo nataka mtu mwingine azichukue?
2. Ni maamuzi gani sitaki mtu mwingine ayafanye bila mimi?
3. Mwaka mmoja kutoka leo, nitaona nini kwa macho ndipo niseme mtu huyu amefaa?

Swali la pili ndilo lenye moto. Wa Mwaloni ataandika: "Kukopesha wenye mitumbwi." Wa Masoko ataandika: "Bei ya mteja mkubwa." Mkisoma karatasi zote mbili kwa sauti, mtagundua jambo ambalo huwa linawanyamazisha watu: kila mmoja alitaka meneja wa kumsimamia mwenzake. Wa Masoko alitaka mtu wa kuzuia mikopo ya mwaloni. Wa Mwaloni alitaka mtu wa kumuuliza wa Masoko kwa nini wateja wa Dar wanalipa baada ya siku 60. Wasifu zile mbili zilikuwa silaha.

Msikimbilie kujibizana hapa. Mtu wa tatu asome, aandike yanayofanana upande mmoja na yanayogongana upande mwingine, kisha mwende mkale. Rudini kesho yake. Usiku mmoja katikati unasaidia kuliko hotuba yoyote ya usuluhishi, nami nimeacha kabisa kumaliza kikao hiki siku moja.

Kesho yake mpitie yanayogongana, moja moja. Kila moja lipate jibu kati ya matatu: anaamua meneja, anaamua meneja mpaka kiasi fulani, au tunaamua sisi wawili. Mfano: meneja anaweza kukopesha mwenye mtumbwi mpaka shilingi 500,000. Zaidi ya hapo lazima saini ya wa Mwaloni, na jumla ya mikopo yote isizidi kiasi mlichokubaliana.

Angalieni: kama mmoja ameorodhesha kila kitu kwenye swali la pili, huyo hataki meneja. Anataka karani. Hilo si kosa, karani mzuri ni mali, lakini msimlipe karani mshahara wa meneja mkuu wala msimpe cheo ambacho hatakitumia. Ataondoka baada ya miezi minne akiwa na hasira, naye ana haki.

## Hatua ya 3: Jueni mnagombania nini hasa

Ugomvi wa aina hii una ngazi nne, na lazima zipandwe kwa mpangilio. Je, tunahitaji mtu? Tunahitaji cheo gani? Tuna pesa kiasi gani? Ni nani? Washirika wengi wako ngazi tofauti bila kujua. Mmoja anabishia jina wakati mwenzake, moyoni, haamini kama nafasi yenyewe inahitajika. Ndiyo maana kila jina linalotajwa anasema "huyu hapana."

Ulizaneni ngazi ya kwanza wazi, kila mmoja ajibu ndiyo au hapana, bila "ndiyo lakini." Kama mmoja anasema hapana, ishieni hapo kwa miezi mitatu na mchukue mhasibu wa muda. Kama wote ni ndiyo, endeleeni.

## Hatua ya 4: Pigeni hesabu ya mshahara mpaka chini

Nusu ya ugomvi ninaoukuta unakufa kwenye hatua hii, kwa sababu washirika wanataja pesa mbili tofauti wakidhani ni moja. Mmoja anasema "milioni mbili na nusu" akimaanisha mshahara ghafi. Mgombea anasikia milioni mbili na nusu mkononi.

Tazama tofauti yake. Mshahara ghafi ukiwa 2,500,000, mfanyakazi anakatwa asilimia 10 ya NSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii, yaani 250,000. Kodi ya mapato inakatwa kwenye 2,250,000 iliyobaki: 128,000 kwa milioni ya kwanza, na asilimia 30 ya kinachozidi, jumla 503,000. Anaondoka na 1,747,000. Na kama ana deni la mkopo wa elimu ya juu, bodi ya mikopo inachukua asilimia 15 ya mshahara wa msingi, anashuka zaidi.

Sasa geuza. Ili apate 2,500,000 mkononi bila deni la mkopo, mshahara ghafi unatakiwa kuwa kama 3,695,000. Juu yake kampuni inaongeza asilimia 10 ya NSSF upande wa mwajiri, asilimia 0.5 ya mfuko wa fidia kwa wafanyakazi, WCF, na kama mna wafanyakazi 10 au zaidi, asilimia 3.5 ya tozo ya ujuzi, SDL. Jumla inakaribia 4,213,000 kwa mwezi. Kutoka milioni mbili na nusu mpaka zaidi ya nne, kwa neno moja tu: "mkononi." Viwango hivi huguswa kwenye bajeti ya Juni, kwa hiyo piteni ofisi ya mamlaka ya mapato, TRA, mhakikishe kabla ya kusaini chochote.

Halafu kuna ziwa. Tangu 2024, uvuvi Ziwa Tanganyika unasimamishwa kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti. Miezi mitatu hakuna dagaa mpya, lakini mshahara wa meneja haufungi. Kwa hesabu ya hapo juu ni zaidi ya milioni 12 na laki sita zinazotakiwa kuwa kando kabla ya Mei. Hata msimu ukiwa wazi, wavuvi wa karabai, wanaovuta dagaa kwa taa usiku, wanapumzika mbalamwezi ikiwa kubwa, kwa hiyo pesa yenu inaingia kwa mawimbi wakati mshahara unatoka kwa tarehe.

Chukueni taarifa za miezi 12, tafuteni mwezi mbaya kuliko yote, mjiulize kama mwezi ule ungebeba mshahara huu. Kama haubebi, msibishane tena kuhusu mtu wa Dar. Rudini hatua ya tatu mchague cheo kidogo, au mshahara wa msingi wa wastani pamoja na bonasi inayotokana na faida iliyokwisha kuingia benki. Sisitizeni "iliyokwisha kuingia." Meneja anayelipwa bonasi kwa mauzo ya karatasi atawajazia wateja wasiolipa.

## Hatua ya 5: Karatasi ya alama kabla ya majina

Sasa, na sasa tu, andikeni sifa. Zisizidi tano, na kila moja ipewe uzito kwa asilimia, jumla 100. Kwa kampuni yetu ya mfano waliishia hivi: kusimamia fedha na madeni 30, kuongoza watu 25, kujua biashara ya samaki au mazao yanayoharibika 20, mahusiano na wateja wakubwa na taasisi 15, kukubali kuishi Kigoma 10.

Hiyo ya mwisho watu huicheka, mimi siicheki. Mtu anayekuja huku akiwa na familia Dar es Salaam na mguu mmoja kwenye treni ataanza kuomba "kufanyia kazi mbali" mwezi wake wa tatu kazini. Chanja za kuanikia dagaa hazisimamiwi kwa simu.

Kabla ya kusaini karatasi hiyo, wote wawili semeni wazi jambo la ndugu. Je, ndugu wa mmoja wetu anaruhusiwa kuomba? Kama ndiyo, mwenye ndugu hampi alama na hakai kwenye usaili wake. Liandikeni kwenye muhtasari wa kikao. Ushauri wangu binafsi ni kukataa kabisa kwa nafasi ya juu. Ukimwajiri mpwa wako kuwa meneja mkuu, mwenzio hatakuwa na mtu wa kumlalamikia, na siku mpwa akiharibu, utakosana na mshirika wako na dada yako pia.

Angalieni: baada ya kusaini, kigezo hakiongezwi. Mshirika anayekumbuka ghafla kwamba "lazima awe na shahada ya pili" baada ya kuona majina, ameona jina asilolipenda.

## Hatua ya 6: Usaili wa kazi, si wa maneno

Pitisheni watu watatu hadi watano. Wote wawili mkae kwenye kila usaili pamoja na mtu wa tatu. Mshirika aliyekosa usaili mmoja atautumia kama sababu ya kukataa.

Nusu ya muda iwe kazi halisi. Mpeni mgombea daftari la madeni lililofutwa majina: wenye mitumbwi wanane, kiasi walichokopa, tarehe, walicholeta. Mpeni saa moja. Muulizeni angefanya nini wiki ya kwanza. Mmoja atasema awapeleke wote mahakamani, huyo hajawahi kufanya kazi mwaloni. Mwingine atawapanga: anayeleta kidogo kidogo asiguswe, aliyenyamaza tangu ziwa lifunguliwe afuatwe nyumbani, na mikopo mipya isimame mpaka jumla ishuke. Huyo msikilizeni, hata kama suti yake imechakaa.

Kila mmoja ajaze alama zake kimya kimya kabla ya mtu yeyote kusema neno. Ukisema kwanza "kijana yuko vizuri sana," umeshaharibu kipimo. Kisha zisomwe kwa sauti. Pale ambapo alama zenu zimeachana sana, usiulize "kwa nini umempa ndogo?" Uliza "uliona nini ambacho mimi sikukiona?"

Wadhamini wapigieni pamoja, na swali muhimu ni moja: "Ungepata nafasi, ungemrudisha?" Sikilizeni urefu wa kimya kabla ya jibu.

## Hatua ya 7: Mkiwa bado sare

Mara nyingi hamtafika hapa. Mkifika, kuna njia nne, nazo zifuatwe kwa mpangilio huu.

Kwanza, turufu ya kukataa. Kila mmoja ana moja tu kwa zoezi zima, na lazima aiandikie sababu inayotokana na karatasi ya alama au wadhamini. "Simwelewi tu" haikubaliki. Turufu ikitumika, mgombea anatoka na hajadiliwi tena.

Pili, mwenye eneo. Kama tofauti iko kwenye jambo moja, tuseme mahusiano na wenye mitumbwi, neno la wa Mwaloni liwe zito hapo, na la wa Masoko liwe zito kwa wateja.

Tatu, mtu wa tatu aamue, kati ya wagombea wawili waliobaki tu. Kubalianeni na hili kabla hajafungua mdomo, kwa maandishi. Msimwite mtu huyo baada ya kujua anampenda nani.

Nne, msiajiri. Rudieni tangazo baada ya mwezi mmoja. Hili linaonekana kama kushindwa, lakini nafasi iliyo wazi haiwaibii.

Na katiba ya kampuni je? Isomeni. Baadhi ya katiba zinampa mwenyekiti wa kikao kura ya ziada pale kura zinapolingana. Kama yako inasema hivyo na wewe ndiye mwenyekiti, unaweza kushinda leo saa nne asubuhi. Sikushauri. Meneja aliyeingia kwa kura hiyo anaingia akiwa na bosi mmoja na adui mmoja, na wafanyakazi watalijua hilo kabla ya chakula cha mchana.

## Hatua ya 8: Mkataba na mipaka, kwa karatasi moja moja

Mkataba uwe wa maandishi. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inaruhusu mkataba wa muda maalumu kwa wataalamu na kada ya uongozi, na kwa kampuni inayoanza kujaribu meneja wa kwanza, mwaka mmoja au miwili unatosha. Wekeni kipindi cha majaribio cha miezi sita kasoro siku chache. Ulinzi wa sheria hiyo dhidi ya kuachishwa isivyo haki haumhusu aliyefanya kazi chini ya miezi sita kwa mwajiri huyo, kwa hiyo tathmini ya kweli ifanyike mwezi wake wa tano kazini, si wa saba. Baada ya hapo, kumwachisha bila sababu ya haki na utaratibu kunawapeleka Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, na huko nimeona washirika wakitoa ushahidi unaopingana.

Pamoja na mkataba, ambatanisheni yale majibu ya hatua ya pili: anaamua nini, mpaka kiasi gani, na kipi lazima kiwe na saini zenu wawili. Benki ipewe barua inayolingana na karatasi hiyo. Kikao cha wakurugenzi kipitishe azimio, wote wawili msaini, liingie kwenye faili.

Siku ya kumtambulisha, simameni wote. Wa Mwaloni ndiye amtambulishe Kibirizi, wa Masoko ndiye ampigie simu mteja wa Dar. Na kuanzia siku hiyo, mfanyakazi akija kwako nyumbani jioni kusema "bosi, yule mtu wenu...", jibu ni moja kwa nyinyi wawili: "Umemwambia yeye?" Mkilegeza hapo wiki ya kwanza, mtakuwa mmemlipa meneja ili awe mpita njia.

## Aanze lini?

Washirika wengi wanataka aanze ziwa likifunguliwa, 15 Agosti, kwa sababu pesa inaanza kuingia. Mimi husema aanze Julai mwanzoni, akiba ikiwepo. Ghala liko kimya, wenye mitumbwi wako nchi kavu wanashona nyavu na wana muda wa kuongea, na madeni ya msimu uliopita yanaweza kukaguliwa jina kwa jina. Ziwa likifunguka, ameshajua nani ni nani. Mpaka tathmini ya mwezi wake wa tano kazini, Novemba mwishoni, mtakuwa mmemwona akifanya kazi katika giza tatu au nne za uvuvi, yaani vipindi visivyo na mbalamwezi, na zile karatasi mbili mlizoandika hatua ya pili, swali la tatu, ndizo mtakazozitoa kabatini siku hiyo.